Mie Nilikuwa Kiti

Mwaka wa kwanza mie nilikuwa kiti.
Hakunambia niigize kiti. Kanambia: "Kuwa."
Ukumbi wa skuli, Wete, vuli inapiga bati,
nikakunja magoti, nikanyoosha mgongo,
na Bi Time Khatib, kilo thamanini na ushei,
akanikalia akamenya chungwa,
akalila lote, pembe kwa pembe, bila neno.
Ndo mchezo huo.
Watu wakangojea mume, fumanizi, kofi, mafunzo kwa jamii.
Hakuingia mtu.
Nyuma huko mzee mmoja akauliza: "Sasa?"
Na Machano Shaibu, kajibanza kwenye pazia la kanga,
akaandika daftarini:
*Saa tatu na dakika kumi. Mmoja kaamka.*

Serikali ilimpeleka Ujerumani akasomee ghala,
namna ya kuhesabu magunia.
Mamake akangojea friji.
Karudi na kengele ya shaba
na koti zito lisilo kazi kisiwani.
Koti lile nimeliona likiwa maiti,
likiwa mlango, likiwa mbuzi wa harusi.
Mara moja tu lilikuwa koti,
na siku hiyo ndo watu walolia.

Afisa akataka maandishi kabla ya onyesho.
Machano akampelekea kurasa arubaini, nyeupe pepe.
"Maneno yako wapi?"
"Yatakuja na watu, bwana."
Maskini afisa, mkewe kajifungua juzi, usingizi umemjaa,
akagonga muhuri ukurasa kwa ukurasa:
IMERUHUSIWA. IMERUHUSIWA.
Wa kumi na saba muhuri ulikwenda upande.
Huo aliutia fremu.

Kisha ule usiku wa majamvi.
Tumeyaazima kwa Hamad Kai, msimu wa karafuu,
mie na Riziki Faki, dada wawili tunagawana urithi.
Wingu likafunga. Hamad kaja mbio, karafuu zake ziko uani,
akaanza kuyavuta majamvi chini ya miguu yetu.
Riziki akashika pembe: "Hili la mama!"
"Mama'ko nani? Langu hili!"
Ukumbi ukacheka, ukapiga makofi,
na Hamad akatugeukia, jamvi mkononi,
akasema ana ndugu yake Tanga,
miaka kumi na mmoja hawajajuliana hali,
kwa sababu ya mikarafuu sita.
Hapo hata mvua tuliisikia.
Machano hakupiga kengele.

Kesho yake Hamad akarudi, kanzu ina pasi,
maneno kayahifadhi yote.
Mchezo ukafa mikononi mwetu kama kuku.
Machano akasimama mlangoni
akiwarejeshea watu pesa zao, mmoja mmoja,
na kuwaomba radhi.

Sisemi alikuwa mtu mwema.
Sisi hakutulipa hata nauli.
Harusi yangu aliisahau, na alikuwa jirani.
Salhiya, mkewe, kachukua watoto kenda Unguja:
"Nimechoka kuwa pazia."
Wafadhili wakataka mchezo wa vyandarua;
akawapa vyandarua vinane na watu wanane ndani,
tumelala, dakika arubaini, kweli tumelala.
Hawakurudi wale.
Gazeti lilimwandika mara moja, mistari minne,
na jina wakakosea: Machanga.

Mwisho, hospitalini, hataki uji, hataki dua ndefu.
Kanambia nisogeze kitanda kidogo auone mlango.
"Kuingia kila mtu anajua," kasema.
"Nataka kuona wanavyotoka."
Nikavuta kiti nikakaa.
Akanitazama kwa muda.
"Umemkalia nani?"

Kengele iko skuli sasa, wanapigia mapumziko.
Jana nilisimama nje ya ua nikaangalia:
wametoka mbio wote, vumbi, kelele,
hakuna alowapanga.
Mmoja kabaki kizingitini
anafunga kamba ya kiatu, hana haraka,
anafungua, anafunga tena.

Nilikuwa na safari ya sokoni.
Nikamngojea.