Mvumo wa Saa Nane

Anasia, jana nimeiota ndoto yako.
Najua ni yako: ilinuka sabuni ya mche,
na yule mbuzi wenu mwenye sikio lililokatika alikuwemo,
na mimi sijawahi kufuga mbuzi.

Unaujua mvumo, usijifanye hujui.
Huanza saa nane, baridi inaposhuka kutoka Kibo
kama mtu aliyevua viatu asiamshe watoto.
Hupita kwenye mfongo, ndani ya maji,
chini ya migomba, chini ya mabati,
ukifika kwenye fuvu la mtu hugonga mara moja tu,
kijiko kwenye ukingo wa kikombe.
Wala haupigi hodi.

Mjini wanaubishia.
Umeme ukikatika Majengo wanasema ni transfoma,
wanasema ni nyuki, ni jenereta ya hoteli.
Lakini Idrisa, fundi redio wa Pasua,
ameamka mara tatu akijua kutandika shuka za wodini bila mkunjo,
na muuguzi wa zamu pale Mawenzi
alisinzia dakika nne kwenye benchi
akaota waya, moshi wa risasi, kidole gumba kimeungua.
Wakakutana Mbuyuni, kwenye fungu la nyanya.
Dada wa watu akakitazama kidole.
Akauliza: kimepona?

Sisi huku Kidia hatujaulizana kitu
miaka saba.
Hatua mbili za shamba, Anasia. Mstari mmoja wa kahawa.
Uliling'oa isale la mpaka, au nililing'oa mimi
(kila mmoja ana shahidi wake, na wote wamekufa),
na tangu siku hiyo zamu ya maji
tunapokezana kama wezi: ukitoka ndipo natokea,
nyayo zako bado hazijajaa tope.

Sasa hii ndoto.
Nilikuwa ndani ya macho yako. Yanawasha.
Sikujua kama macho yako yanawasha.
Nimesimama dirishani kwako, pazia la maua ya bluu,
na nje, kwenye mfongo, mwanamke ameinama na jembe,
mgongo kama mlango uliotiwa komeo.
Moyo wako ukadunda, nikadunda nao.
Nikasema, Mungu wangu, ni nani huyu anayetisha hivi?
Akageuka.
Kumbe kanga ni yangu. Kumbe uso ni wangu.
Na mkononi mwako, nyuma ya pazia,
jani la isale, limefungwa fundo,
limekauka kwa kusubiri,
maana kila ulipofungua mlango
mimi nilikuwa natema mate chini.

Nikaamka mdomo mchungu, kama nimetafuna kahawa mbichi.
Mvumo ulikuwa unaondoka, unashuka kuelekea reli,
kuelekea miwa na walinzi wanaokesha maghalani,
umebeba sijui nini changu.

Na hilo ndilo linaloniuma, nisikufiche.
Si kwamba nimekiona chako.
Ni kwamba wewe umekiona changu.
Je, umefika nyuma ya kihamba, kwenye lile kaburi dogo?
Umeniona nikihesabu vidole vya mtoto asiyepumua,
nikianza upya kila nikifika sita?
Umeona kuwa siku ile ya ugomvi
haikuwa kahawa, hazikuwa hatua mbili,
nilitaka tu kitu kimoja duniani
kibaki pale nilipokiweka?

Asubuhi hii ni zamu yako ya maji.
Nimewahi makusudi. Sikuja na jembe.
Nakuona na ndoo yako, unapunguza mwendo.
Macho mekundu. Yanawasha, najua.
Usiseme pole. Nikisikia pole nitarudi ndani.
Sema lolote: ulezi umepanda bei,
yule mbuzi kazaa.

Unaweka ndoo chini.
Unatazama maji, si mimi.
Unasema, taratibu,
"Sita. Halafu saba."