Futi Tatu

Lifti ya Milimani ilikuwa imegoma.
Tulipanda ngazi, mimi na Nyaboke,
kila mmoja akijifanya hasikii mwenzake anavyohema.
Miaka tisa. Faili letu lilianza jembamba,
sasa karani hulibeba kwa mikono miwili
kama mtoto wa mtu mwingine.

Wakili Mutisya aliniinamia: rufaa hii tunaishinda.
Nikamuuliza, tukishinda, ukuta utasogea lini?
Akatazama viatu vyake.

Futi tatu za Buruburu. Futi tatu!
Hata kaburi hudai zaidi.
Kwa hizo niliuza cherehani mbili,
yeye akauza ploti ya Kitengela.

Kwenye benchi alifungua chupa ya chai,
akamimina kifunikoni, akasita,
akanisogezea.
Haikuwa na sukari. "Daktari," akasema.
"Hata mimi," nikasema.

Basi tukaandika, kwa kalamu ya kuazima:
ukuta ubaki, utobolewe mlango,
bomba la maji liwe la wote,
na gharama, kila mtu afe na zake.
Neno "afe" mawakili walilikata,
wakaweka "abebe".

Jaji akauliza kama kuna aliyelazimishwa.
"Hapana," tukajibu, kwa sauti moja,
tukashtuka wote wawili.

Kushuka, kwenye kona ya giza, alinishika mkono.
Ni magoti, alisema, usijidanganye.

Jumamosi fundi anakuja na tindo.
Tayari tumegombana
mlango ufungukie upande wa nani.