Kina Kimepinduka

Mchezo ni wa zamani, wa mwaka ambao mimi
nilikuwa bado naandika herufi mchangani.
Mawe yake bapa, maji yake kama bati jipya,
jua lake limebandikwa kwa gundi.
Lakini watoto wa Igogo hulipa mia mbili
kwa robo saa, na kompyuta ni moja,
ya mnada wa ofisi ya pamba,
bado ina stika ya namba ubavuni.

Nikasikia kuna kipodozi cha picha:
faili moja, unaliweka pembeni ya mchezo,
nalo linaupaka poda huku unacheza.
Nikalipakua kwa bando la usiku,
nikaliweka. Skrini nyeusi.
Nikaliondoa, mchezo ukarudi na mawe yake bapa.
Nikaliweka tena, kama mtu anayejaribu ufunguo
kwenye mlango anaojua si wake.
Nyeusi.

Kosa lilikuwa jina. Mchezo wa enzi zile
huitikia toleo la tisa, nami nimeuita kwa la kumi na moja;
ni kumwita Kulwa ukimtaka Doto.
Nikabadili jina la faili.
Juu ya skrini ukapita mstari mwembamba, asilimia, asilimia,
na menyu ikafunguka kama pazia la duka.

Hapo ndipo uroho ulipoanza.
Nikatia tiki kila kisanduku:
mng'ao, ukali wa kingo, vivuli vya kona, ukungu wa mbali.
Feni ikalia kama mashine ya kusaga ya Mama Nyanzobe,
picha sitini kwa sekunde zikawa kumi na nne,
mpiganaji wangu aliinua mguu leo, akakanyaga kesho.
Nikaanza kutoa, moja moja, nikihesabu
kila urembo unakula picha ngapi.
Mng'ao: tatu. Ubaki.
Vivuli vya kona: ishirini na moja. Tokeni.

Ukungu nikauacha, nao ukaleta maajabu.
Ulitakiwa ukae milimani, ng'ambo,
badala yake ulimfunika mpiganaji puani,
na milima ya mbali ikasimama wazi, kama imeoshwa.
Karibu ni mbali. Mbali ni karibu.
Nikasoma maelezo hadi macho yakauma:
kina kimepinduka.

Kina! Neno hilo nimelijua mara mbili.
Kidato cha pili mwalimu Bihemo alinipa sifuri
kwa shairi lisilo na kina.
Na baba, miaka kumi na tisa katika meli za mizigo,
alikuwa akitupa bildi majini, Bandari ya Kusini,
akimtajia nahodha idadi ya pima.
Hakuna aliyeniambia kwamba kina
kinaweza kuwekwa kichwa chini miguu juu.

Mahali palipoandikwa sifuri, nikaandika moja.

   Ukungu ukaondoka, usoni ukaachia,
   Milima ikajivika, wingu likaitandia,
   Maji nayo yakashuka, chini yakadidimia,
   Na mimi nikatamka: kina kimenirudia.

Asubuhi Lugata, wa darasa la tano,
akaweka mia mbili mezani,
akacheza dakika mbili, akanigeukia.
"Kaka, rudisha ile ya jana. Hii nzuri, lakini napigwa."
Nikabonyeza kitufe kimoja. Mawe bapa. Bati jipya.
Akashinda.

Siku hizi naiwasha nikishafunga, mimi na feni tu.
Juzi baba aliingia kutafuta chaja yake,
akasimama nyuma ya kiti
akayatazama yale maji kwa muda mrefu.
Nje gugumaji limeziba mwalo, linanuka.
"Hapo," akasema, "pana pima ngapi?"
Nikamwambia sijui, nimeandika moja tu.
"Kwa pima moja," akaguna, akachomoa chaja yake,
"utapanda mwamba."