Mwezi wa Kenda

Alipokufa baba, katekista Kyembe wa Katuba,
tuligawana mali yake kabla ya saa sita:
baiskeli, redio iliyofungwa kwa mpira,
kofia ngumu ya kiwandani.
Mimi sikudai kitu, nikapewa kitabu.

Kilikuwa kimevimba kama mkate.
Nikakifungua mezani, majani yakamwagika,
ya miti, si ya kitabu,
mepesi, ya kahawia, mengine yamebaki mishipa tu
kama mkono wa bibi mbele ya taa.

Kila palipotajwa jani, baba aliweka jani.
Kwa nabii aliyeona taifa zima likipeperushwa,
jani la mwavokado wa uani petu.
Kwa mgonjwa aliyemuuliza Mungu
faida gani kukitisha kitu kinachokimbizwa tayari,
jani la jakaranda, au vumbi lake.
Kwa mtini ule uliolaaniwa
na msimu wa tini haujafika,
hakuweka kitu. Aliandika pembeni, kwa penseli:
*Hapa sijaelewa. Nitauliza.*

Alimwuliza nani? Padri alikuwa amehamishwa Kipushi.
Jirani yetu Asumani, fundi viatu, alimwambia
kwao inajulikana: hakuna jani linaloanguka
bila Mwenyewe kuwa na habari.
Baba akarudi kimya, akashika ufagio,
akafagia ua polepole jioni ile
kana kwamba anasoma orodha ya majina.
Nilikuwa na miaka kumi. Nilitaka amalize, tule.

Shuleni tulipewa shairi la Kifaransa.
Jani lililonyauka, alisema mwalimu Kabwita,
ni uzee. Andikeni. Uzee, huzuni, mwisho.
Tukaandika.
Katika shairi lile theluji ilikuwa karibu kuanguka.
Dirishani jua la mwezi wa nane lilikuwa linapasua mbao.

Mama Numbi hakusoma shairi lolote.
Alianika majani ya kunde juu ya bati,
akayageuza kwa kiganja, akayafunga guniani.
Nikasema, yamenyauka. Akanikata:
Haya yamekauka.
Kunyauka ni kunyimwa. Kukauka ni kungoja.
Mwezi wa pili, barabara zimekuwa tope
na kampuni haijalipa tangu Noeli,
yaliingia chunguni pamoja na karanga
yakakunjuka, moja moja,
nasi tukayala bila kusema neno.

Lakini iko miti ambayo hakuna aliyeinyima maji.
Upande ule moshi wa dohani ulikozoea kulala,
kilima kilibaki udongo mtupu, mwekundu, hata nyasi hamna.
Huko baba hakuokota jani la kuweka kitabuni.
Siku sita aliulisha moshi huo kwa sepetu;
ya saba alitufundisha habari za mti
ulio kando ya mito, usiopoteza kitu.
Sikumuuliza. Sasa ningemuuliza.

Baada ya matanga nilipanda lori la makaa,
barabara ya Kasenga, mwezi wa kenda, mvua bado.
Msitu wote ulikuwa mwekundu:
rangi ya shaba, ya kutu, ya sufuria kuukuu.
Rangi ambayo mwalimu aliiita mwisho.
Na yalikuwa machanga! Ya wiki moja.
Huku kwetu jani huzaliwa na rangi ya kufa,
halafu, likizoea dunia, ndipo huwa kijani.
Nimeyaona kila mwaka tangu nizaliwe
wala sikuwahi kuyasoma.

Nikachuma moja, laini kama sikio la mtoto.
Nimeliweka kwenye mtini, juu ya ile penseli.
Silo jibu, nadhani.
Tayari limeanza kujikunja kingoni,
na kitabu hakifungiki vizuri.