Kata Hapa

Keith Odling hazijui ndege kwa mabawa.
Anazijua kwa pa kukata.
Kila Jumamosi, bandani kwetu nje ya Gainsborough,
mimi nikisugua shaba za mipira ya maji,
yeye huketi juu ya ndoo iliyopinduliwa
akachora tumbo la ndege kwa chaki sakafuni:
pembe nne za njano, na maneno mawili, KATA HAPA.
"Hapa ubavu ni mwembamba, shoka linaingia.
Kiganja kimoja kushoto pana bomba la mafuta,
na wewe si wa kesho."

Lankasta alizikuta ajuza, zikisubiri kuvunjwa.
Zilinuka petroli na ngozi kuukuu,
zikishika, zilishika kama nyasi za kiangazi.
Halafu Kanbera. Halafu Valkani, pana kama paa la kanisa.
Halafu Laitning, iliyopanda mbinguni wima
na mara nyingine ikarudi na moto mkiani.
"Hizi za jeti zilikunywa mafuta ya taa."
Nikacheka. Mafuta ya taa!
Yale ya koroboi ya bibi yangu Korogwe,
yaliyonitia masizi puani nikisoma hesabu?
"Ndugu yake," akasema. "Ila huyu kasomeshwa."

Povu la zamani lilipikwa kwa damu na kwato za ng'ombe.
Alirudi nyumbani ananuka machinjio;
Maureen, mkewe, alimvulia nguo uani
wa kwanza baridi, wa pili majirani.
Povu lililofuata halikunuka chochote.
Ndilo hilo waliloingoja miaka, likashuka taratibu udongoni,
na sasa vijana wenye chupa ndogo
wanachota maji ya mtaro, wanaandika, hawasemi.

"Ingiza pini kwanza," ananifundisha,
kana kwamba kesho nitaitwa.
"Kabla ya kumgusa rubani, kabla ya kumwambia neno,
pini kwenye kiti, la sivyo kitawarusha wote wawili."
Mikono yake inatafuta tundu hewani,
inalipata.

Miaka ishirini na miwili kazini.
Mioto ya kweli, saba.
Iliyobaki ilikuwa chai, karata,
kupaka chokaa mawe ya kando ya njia,
kuruka kitandani kwa kengele ya uongo
na kurudi kulala na buti.

Ya tano ilikuwa mwezi wa Machi, mvua ya barafu.
Ndege ilitua na bawa moja linawaka.
Walikata palipoandikwa kata.
Rubani akatoka anatapika, mzima,
akaomba radhi kwa kuchafua koti la mtu.
Odling alipewa barua yenye muhuri.
Ndege haikuruka tena.
Waliiburuta kwa trekta hadi shimoni, mwisho wa uwanja,
wakaimwagia mafuta, wakaiwasha,
wakapiga kengele.
Akaizima.
Jumatatu wakaiwasha tena.
Wahenga walisema moto huzaa jivu.
Huu ulizaa moto, wiki kwa wiki,
makurutu wapya wakifunzwa kukata
tundu lile lile aliloanza yeye.

Kilichobaki ni bati hili, ukubwa wa meza,
pembe mbili za njano bado zinasomeka.
Leo nimepewa kadi niandike maelezo yake.
Nimeanza na historia: kikosi, mwaka, kasi.
Amenisomea juu ya bega, anapumua kwa shida,
kifua chake bado kimevaa glavu za asbesto.
"Futa. Hiyo watu wa mabawa wataandika.
Andika iliungua, ikazimwa."
Nikauliza mara ngapi.
Akahesabu kwa midomo, muda mrefu.
Nikaandika: mara sitini.
Akasukuma kadi irudi kwangu.
"Na moja," akasema.
"Ile ya kwanza alikuwemo mtu."