Mita Sitini, Kutoka Wapi?

Kifungu cha hamsini na saba nakijua
kama wengine waijuavyo Baba Yetu:
shughuli ya kudumu isifanyike
ndani ya mita sitini za ukingo wa ziwa.
Sheria imenyooka.
Ziwa ndilo halikunyooka.

Asubuhi ile, Igombe, nilishika ncha ya futikamba.
Shilinde, mpima ardhi, akarudi kinyumenyume juu ya mawe
akiburuza mkia wa manjano.
"Sitini!" akaita.
Nikauliza, "Kutoka wapi?"
maana pale niliposimama
wimbi lilikuwa limekwisha kunivua kiatu.

Mwaka ule wa mafuriko maji yalipanda,
yakaikuta bikoni yetu namba nne,
yakaiatamia kama kuku.
Yaliporudi yakaacha mafunjo
mahali ambapo ramani inasema barabara,
na kamongo amelala kwenye tope
la kiwanja namba 112, kitalu C.
Hana hati.
Hadaiwi pango la ardhi.

Ofisini faili lilikuwa limetutangulia.
Hoteli, ghorofa tatu, gati la mbao.
Tathmini ya athari kwa mazingira,
kurasa mia mbili na kumi, jalada gumu,
na katika ukurasa wa arobaini na moja
mtaalamu anaapa
kwamba mradi hautadhuru mikoko.

Mikoko!
Nikamwita Nyanzobe wa masjala aje asome,
tukacheka mpaka chai ikapoa.
Mkoko gani umewahi kuoga maji baridi haya?
Ripoti ilipanda basi huko pwani,
ikashuka stendi ya Nyegezi
bila hata kubadili shati.
Kisha kicheko kikatuishia kooni:
ukurasa wa mwisho ulikwisha kugongwa muhuri.

Mkutano tuliuitisha, kwa kuwa imeandikwa
wananchi wasikilizwe.
Mama Bugumba, mwanika dagaa, alikataa kiti.
"Mwaka jana mlikuja na mita zenu,
mkang'oa vichanja vyangu.
Miti kumi na miwili, na wavu.
Nikasema haya, ziwa nalo lipumue.
Sasa huyu bwana amepimiwa ngapi?
Au futi yenu hunyooka kwa mwenye kitenge
ikajikunja kwa mwenye tai?"

Afisa wetu akatazama simu
ambayo haikuwa imelia.

Mimi nikaandika. Neno kwa neno, hata lile la tai,
nikaweka tarehe, nikaomba sahihi yake;
akachovya kidole gumba kwenye wino
akakibandika kwa nguvu, kama anayeua mbu.

Mji huu umezoea sheria inayokuja nyuma,
na kopo la rangi nyekundu,
ikiandika X kwenye ukuta wa mtu
aliyekwisha kununua saruji, bati,
na pazia.
Ningependa, kabla sijastaafu,
niione ikitangulia hata mara moja,
iwe karatasi iliyo chini ya penseli
kabla mstari wa kwanza haujachorwa.

Jumamosi, siku isiyo na posho,
nilirudi Igombe na Shilinde.
Jiwe kubwa la kaskazini lina doa jeupe kiunoni,
alama ya maji ya mwaka ule.
Jiwe halijui kughushi.
Tukapimia hapo.
Sitini ikapita gati, ikapita bustani,
ikavuka mapokezi, ikaenda kukoma
katikati ya jiko la hoteli,
pale mchoro unapoonyesha friji.

Nimeandika barua. Nimeambatisha picha ya jiwe,
kidole gumba cha Mama Bugumba,
na nakala ya ukurasa wa mikoko.
Imeingia ofisi ya juu Jumatatu.
Leo ni Alhamisi ya wiki ya tatu.
Nyanzobe anasema faili limeonekana
likishuka ghorofa moja, kisha likapanda tena.

Nangoja.
Kiatu changu cha kushoto hakijarudi.
Kiko huko chini, ndani ya mita sitini,
kinavunja sheria.