Nota ya Nne

Ctibor Hanzlík alizitungia filamu muziki miaka thelathini na minne,
nami nikaupiga karibu wote, viola, safu ya pili,
katika studio ya redio, Bratislava,
jengo lile la piramidi lililosimama kwa ncha.

Alikuja na saa ya sekunde shingoni kama refa,
wino wa karatasi zake haujakauka,
na ombi lile lile kila asubuhi:
"Msinililie. Mwenye kulia yumo kwenye picha."

Sekunde kumi na moja: mlango unafunguka.
Sekunde nne: daktari anavua glavu.
Sekunde moja na nusu: mjane anaelewa.
Alishona vipande hivyo maisha yake yote,
kama fundi viatu asiyewahi kumwona
mteja akitembea.

Mara moja tu walimpa dakika sita.
Filamu ya kijiji kinachopisha bwawa:
watu wanafukua wafu wao
na kuwapandisha mlimani kwa matrekta.
Akaandika kitu kilichomfanya hata Vendelín wa tarumbeta,
msomaji wa gazeti kila pumziko,
alikunje.
Mwongozaji akasikiliza, akashukuru, akasema:
"Hapa nataka upepo tu."
Ukawekwa upepo.
Kimya kina mshindo, ndiyo,
ila kwa hesabu za studio kimya ni nusu bei.

Hakugomba. Alikuwa na watoto watatu na deni la jiko.
Lakini kuuzika wimbo, hilo alikataa.
Aliutia katika tangazo la sabuni, mbiombio;
katika tamthilia ya polisi, kinyumenyume, chini ya besi;
mwishowe katika katuni ya kalunguyeye asiyetaka kulala,
dakika saba kila jioni kabla ya taarifa ya habari.
Sisi wa safu ya pili tuliulizana kwa nyusi.

Hata hapo walimsahihisha.
Nota ya nne ina msiba, walisema, watoto wataota vibaya.
Akaipandisha nusu ngazi. Ikatabasamu.
Nchi nzima ikalala nayo.

Alikufa Februari. Gazeti lilimpa mistari mitatu
na kumpunguzia herufi moja ya jina.

Jana, dukani Ružinov, kwenye foleni,
msichana wa malipo, kidole kimefungwa plasta,
alipitisha maziwa, mkate, vitunguu vyangu,
huku akiuimba kwa pua wimbo wa kalunguyeye,
wala hajui kama anaimba.
Nota ya nne aliikosea.
Aliiteremsha nusu ngazi,
akairudisha pale mlimani,
penye matope na matrekta.

Nilibaki nimesimama, pochi wazi mkononi.
"Euro tisa na senti arobaini, mama."
Nikamwomba arudie.
Akarudia bei.